Mfereji wa mgongo uliobanwa: M48.0, M54.5 au jirani zao?

Chukua noti moja ya daktari. Mgonjwa ni mzee wa miaka 68, seremala wa Kariobangi. Kiuno kimemuuma kwa muda mrefu, na siku hizi akitembea miguu inakuwa mizito na kuingia ganzi, akiketi anapata nafuu. Picha ya MRI inaonyesha mfereji wa uti wa mgongo umebanwa kiunoni, na daktari ameandika kwamba huko kubanwa ndiko kunakomuumiza. Wape noti hiyo maofisa watatu wa rekodi za afya hapa Nairobi. Waulize msimbo wake, yaani herufi na tarakimu zinazoutaja ugonjwa kwenye fomu ya madai. Wa kwanza ataandika M54.5, wa pili M48.06, wa tatu M48.061. Wa kwanza ameandika dalili badala ya ugonjwa. Wa pili na wa tatu wameandika ugonjwa uleule, ila kila mmoja kafungua kitabu chake, na msimbo wa mmoja ungerudishwa papo hapo na mfumo wa mwenzake.

Ninaandika kwa ajili ya anayekaa kati ya faili ya daktari na fomu ya madai: ofisa wa rekodi, karani wa bima katika kliniki, au kijana anayefanya kazi ya misimbo ya hospitali za ng'ambo akiwa nyumbani kwake Roysambu. Msimamo wangu ni huu: kitabu kinachaguliwa na yule atakayepokea dai, msimbo unachaguliwa na alichoandika daktari. Programu ya kompyuta haichagui chochote, hata ikikujazia kisanduku yenyewe.

Vitabu vitatu kwenye meza moja

ICD-10, kitabu cha misimbo ya magonjwa cha Shirika la Afya Duniani, ilipitishwa mwaka 1990, na nchi wanachama zikaanza kuitumia kuanzia 1994. Humo, M48.0 ndiyo stenosisi ya uti wa mgongo, yaani kubanwa kwa mfereji. Tarakimu ya tano inayotaja sehemu ya mgongo ni ya nyongeza. Ukiwa nayo, vizuri; usipokuwa nayo, M48.0 inasimama peke yake.

Wamarekani walikichukua kitabu hicho wakakipanua kuwa ICD-10-CM, wakaanza kukitumia kwenye madai tarehe 1 Oktoba 2015. Kwao M48.0 peke yake ni msimbo ambao haujakamilika, na dai linarudi. Pia wanakirekebisha kila mwaka, na marekebisho makubwa yanaanza tarehe 1 Oktoba.

ICD-11 ilipitishwa Mei 2019 na kuanza rasmi tarehe 1 Januari 2022. Humo ugonjwa wetu ni FA82. Sehemu ya mgongo haiingizwi ndani ya msimbo wenyewe; unaongeza msimbo wa ziada unaoanza na XA, ukiuunganisha kwa alama ya &. Wengi waliozoea ICD-10 wanauona utaratibu huu kama usumbufu. Mimi nauona ni wa kweli zaidi, kwa sababu unatenganisha maswali mawili ambayo ICD-10 iliyafunga pamoja: huyu ana nini, na kiko wapi.

Tatizo letu Nairobi ni kwamba ICD-10 ya dunia na ile ya Marekani zinafanana sura. Ukiuliza intaneti kuhusu M48.06, kurasa za Kimarekani ndizo zinazokujia mbele. Ziweke kando kwa kando uone zinapoachana:

| Sehemu | ICD-10 ya dunia | ICD-10-CM ya Marekani | ICD-11 |
|---|---|---|---|
| Haikutajwa | M48.0 au M48.09 | M48.00 | FA82 |
| Sehemu kadhaa | M48.00 | kila sehemu msimbo wake | FA82 na XA zaidi ya moja |
| Shingo | M48.02 | M48.02 | FA82 na XA ya shingo |
| Kifua | M48.04 | M48.04 | FA82 na XA ya kifua |
| Kiuno | M48.06 | M48.061 au M48.062 | FA82 na XA ya kiuno |
| Kiuno na sakramu (mfupa wa chini ya kiuno) | M48.07 | M48.07 | FA82 na XA yake |

Itazame M48.00 mara mbili. Katika kitabu cha dunia, sifuri ile ya mwisho inasema mgongo umebanwa sehemu nyingi. Katika kitabu cha Marekani, sifuri hiyohiyo inasema daktari hakutaja sehemu. Huyu anaripoti ugonjwa uliosambaa, yule anaripoti noti yenye pengo, na mfumo hautapiga kelele kwa sababu msimbo ni halali pande zote mbili. Kosa linalokataliwa na mfumo utalirekebisha siku hiyohiyo. Hili linapita, linakaa kwenye takwimu, na hakuna atakayelijua.

Jambo dogo la mstari wa mwisho: L4–L5, yaani kati ya pingili ya nne na ya tano ya kiuno, ni kiuno, lakini L5–S1, kati ya ile ya tano na sakramu, inahesabiwa kuwa kiuno na sakramu. Ripoti ya picha inayotaja zote mbili inahitaji misimbo miwili kwa Mmarekani.

Kiuno: tarakimu ya sita ya Wamarekani

Hadi Septemba 2017, M48.06 ilitosha hata Marekani. Kuanzia 1 Oktoba 2017 waliigawa: M48.061 ni kubanwa kwa kiuno bila klaudikesheni ya neva, na M48.062 ni pamoja nayo. Aliyejifunza kwa noti za zamani, au anayetumia programu ambayo haijasasishwa, bado anaituma M48.06 ng'ambo na inarudi. Huku kwetu, kwa kitabu cha dunia, M48.06 bado ni sahihi kabisa.

Klaudikesheni ya neva ndiyo ile hali ya seremala wetu. Anashuka matatu Ngara akielekea mjini, na kabla hajafika Mtaa wa River miguu imekuwa kama magogo. Anatafuta ukingo wa kuketi, anainama mbele kidogo, maumivu yanatulia, anaendelea. Akisukuma mkokoteni au trole ya supamaketi anaweza kwenda mbali kuliko akitembea wima. Sababu iko wazi ukijua umbo la mgongo: ukiinama, mfereji unapanuka, ukisimama wima au kurudi nyuma, kano nene za ndani zinazofunga pingili zinajikunja na kuziminya neva. Ndiyo maana wagonjwa wengi wa namna hii wanalalamikia kuteremka mlima kuliko kuupanda.

Klaudikesheni ya mishipa ya damu ni kitu kingine. Hapo misuli ya miguu haipati damu ya kutosha; mgonjwa akisimama tu, hata wima, anapoa. Hana haja ya kuketi wala kuinama. Sasa fikiria daktari mwenye haraka anayeandika neno moja, "klaudikesheni", bila kusema ni ya nini. Faharasa ya ICD-10 itakupeleka I73.9, yaani ugonjwa wa mishipa ya damu ya pembeni. Mzee wa mgongo anageuka mgonjwa wa mishipa, na mkaguzi wa bima anauliza kwa nini anaombewa upasuaji wa mgongo.

Je, ofisa wa rekodi akisoma kwamba mzee anapata nafuu akiketi, aandike M48.062? Hapana. Dalili hizo zinamfanya daktari afikie uamuzi. Hazimpi ofisa ruhusa ya kuufikia kwa niaba yake. Daktari akikaa kimya, Wamarekani wanaipeleka kwenye M48.061, maana maelezo ya msimbo huo yanachukua pia kubanwa kwa kiuno kusikofafanuliwa zaidi. Hapa ndipo simu ya dakika moja kwa daktari inapobadilisha dai zima.

M54.5 au M48.0: maumivu au ugonjwa

Ulinganisho huu ndio wenye uzito zaidi, na ndio unaofanywa kwa uzembe zaidi.

M54.5 ni maumivu ya kiuno. Haisemi sababu. Kwa ziara ya kwanza, kabla ya picha, kabla daktari hajafikia uamuzi, huo ndio msimbo wa haki, na hakuna aibu ndani yake: maumivu mengi ya kiuno hayapatikani chanzo kimoja cha wazi, na mengi yanapoa bila picha yoyote. Akiwa na siatika (maumivu ya neva yanayoshuka mguuni) pamoja na kiuno, kuna M54.4 kwa ajili hiyo. Kwa dai la Marekani kumbuka kwamba M54.5 tupu ilifungwa tarehe 1 Oktoba 2021. Badala yake kuna M54.50, M54.51 na M54.59. Katika ICD-11 maumivu ya kiuno ni ME84.2.

Shida inaanza pale M54.5 inapomfuata mgonjwa hadi ziara ya tatu, ya nne, na hadi kwenye ombi la idhini ya upasuaji, kwa sababu tu iliandikwa siku ya kwanza na mfumo unaijaza wenyewe. Anayepitia ombi hilo hamwoni mzee. Anaona mtu anayeumwa kiuno akiombewa kufunguliwa mfereji wa mgongo. Akilirudisha, usimlaumu, ulichomwandikia hakilingani na unachomwomba.

Lakini kuna upande wa pili ambao mafunzo mengi yanaupita haraka. Wengine, wakishaona neno stenosisi kwenye ripoti ya radiolojia, wanarukia M48.0 bila kusoma noti ya daktari aliyemwona mgonjwa. Mfereji uliopungua unaonekana kwa wazee wengi wasio na dalili yoyote. Picha inaonyesha umbo. Daktari anayemtibu ndiye anayesema kama umbo hilo ndilo linalomuumiza. Mama aliyekwenda kwa sababu ya misuli iliyokazika baada ya kubeba magunia anaweza kuondoka na ugonjwa wa kudumu kwenye rekodi yake. Rekodi hiyo haifutiki kirahisi. Bima binafsi zinauliza juu ya magonjwa yaliyokuwepo kabla ya mtu kujiunga, na Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya mwaka 2019 inaziweka habari za afya kati ya data nyeti. Msimbo uliowekwa kwa kubahatisha nao ni habari ya afya.

Kwa hiyo nikilazimika kuchagua kati ya makosa mawili, nachagua M54.5 iliyokaa kupita kiasi kuliko M48.0 isiyo na daktari nyuma yake. Ya kwanza inachelewesha malipo. Ya pili inampa mtu ugonjwa.

"Inashukiwa"

Hapa vitabu vinapingana waziwazi. Daktari ameandika "inashukiwa stenosisi ya kiuno" na mgonjwa ameenda zake. Kanuni za Shirika la Afya Duniani zinasema kwamba ikiwa mwisho wa huduma hali kuu bado imeandikwa kama inayoshukiwa, na hakuna maelezo zaidi, iwekewe msimbo kana kwamba imethibitishwa. Wamarekani, kwa mgonjwa wa nje, wanakataza: weka dalili, basi. Kwa mgonjwa aliyelazwa hospitalini wanakubali kama Shirika.

Noti ileile ya mgonjwa wa nje ni M48.06 kwa kitabu cha dunia na M54.50 kwa dai la Marekani. Anayefanya kazi zote mbili, mchana kliniki ya Eastleigh na usiku madai ya Texas, anahitaji kujikumbusha amekaa kiti gani.

Jirani: disiki, usagaji na pingili iliyoteleza

M48.0 inasema mfereji ni mwembamba. Haisemi ni nini kilichoufanya mwembamba. Kama disiki, ule mto laini ulio kati ya pingili, imetokeza na kubana mzizi wa neva, maumivu yanashuka mguu mmoja hadi kwenye kisigino, na mgonjwa ni dereva wa boda wa miaka 35, huyo huenda ni wa M51.1. Kama ni usagaji wa pingili na viungo vyake, fungua M47. Kama pingili moja imeteleza juu ya nyingine, M43.1. Mzee mmoja anaweza kuwa na vyote vinne, na daktari akivitaja vyote kama vitu anavyovitibu, vyote vinaandikwa. Kinachotangulia ni kile kilichosababisha huduma ya siku hiyo.

Katika kitabu cha dunia, neva iliyobanwa kutokana na stenosisi unaweza kuionyesha kwa jozi: M48.0 yenye alama ya msalaba (chanzo), ikifuatwa na G55.3 yenye nyota (athari yake). Jozi hizi zinasahaulika sana, nadhani kwa sababu mifumo mingi ya kompyuta inatoa kisanduku kimoja tu.

Shingo ihurumie. Kiunoni kinachobanwa ni neva. Shingoni ni uti wenyewe. Daktari akitaja mielopathi, yaani uti umeanza kuharibika, mikono inashindwa kufunga vifungo na miguu inayumba, M48.02 peke yake inaficha jambo zito. Ikiwa chanzo ni usagaji, M47.12 ndiyo inayolisema.

Kuna familia nyingine inayowavutia watu kwa sababu majina yake ni marefu na yanaonekana sahihi: M99.2 hadi M99.7. Humo kuna stenosisi ya mfupa, ya disiki, na ya matundu ya pembeni ambamo neva hutokea. Kichwa cha kundi hilo kinaonya kwamba lisitumike ikiwa hali inaweza kuwekwa kwingine. Kwa mfereji wa kati uliobanwa, rudi M48.0. Kwa matundu ya pembeni, faharasa ya Marekani inakupeleka M99.6 na M99.7, na hapo tarakimu zinabadilika: kwenye M48.0 kiuno ni 6, kwenye M99 kiuno ni 3. Anayeandika kwa mazoea atampa mgonjwa wa kiuno M99.66, na katika M99 tarakimu 6 ni ya mguu.

Mawili ya haraka. Aliyepasuliwa mgongo na maumivu yakabaki baada ya kuondolewa kipande cha mfupa, ana M96.1, si M48.0 ya zamani iliyonakiliwa. Na noti ikitaja mgonjwa kushindwa kuzuia mkojo, ganzi ya sehemu za siri na miguu kulegea ghafla, tafuta kama daktari ameandika ugonjwa wa mkia wa farasi, G83.4. Hiyo ni dharura, na msimbo wake haupaswi kukosekana.

Basi ufungue kipi?

Kama kliniki yako inadai kwa SHA, mamlaka ya bima ya afya ya serikali ya Kenya iliyochukua nafasi ya NHIF tarehe 1 Oktoba 2024, tumia orodha iliyo kwenye mfumo wao wa madai na usiichanganye na kitu ulichokipata mtandaoni. Kwa bima binafsi, uliza kwa maandishi: ICD-10 ya dunia, ya Marekani au ICD-11? Swali hilo linaonekana la kitoto hadi siku utakapogundua kwamba kampuni mbili zilizo jengo moja kule Upper Hill zinatumia orodha tofauti. Jibu libandikwe ukutani karibu na kompyuta.

Kwa madai ya Marekani huna la kuchagua ila mwaka wa toleo, nao unafuata tarehe mgonjwa alipohudumiwa, au alipotoka ikiwa alilazwa. Tarehe unayoandika dai haihusiki. Aliyetibiwa Septemba anafuata kitabu cha Septemba hata kama faili imekufikia Novemba.

Kwa utafiti, au kwa hospitali inayojenga mfumo upya, mimi ningekwenda ICD-11 moja kwa moja. Kifaa chake cha kutafutia misimbo kiko wazi mtandaoni bila malipo, na FA82 pamoja na XA inakupa sehemu ya mgongo bila kukariri tarakimu.

Popote utakapokaa, swali kwa daktari ndilo litakaloamua, nalo lisimwelekeze kwenye jibu. Ukimwuliza "Daktari, niandike klaudikesheni ya neva?" umeshamjibia. Mwandikie hivi: "Daktari, habari ya asubuhi. Kuhusu mzee wa MRI ya jana, umeandika klaudikesheni. Tafadhali taja ni ya neva, ya mishipa ya damu, nyingine, au bado haijajulikana. Na kubanwa unakokutibu kuko L4–L5, L5–S1, au zote mbili?" Weka nafasi ya sahihi na tarehe chini yake, na jibu likirudi lihifadhi ndani ya faili.